Maktaba za Pamoja, Hifadhi za Nyuzi na Mpaka wa Leseni

Fundi kompyuta yeyote wa Kahama, Katoro au Shinyanga mjini anaujua ujumbe huu. Mteja anabonyeza programu, haifunguki, na badala yake linatokea dirisha dogo likisema MSVCP140.dll haikupatikana. Mteja anasema kompyuta imekufa. Fundi ana dawa tatu mkononi: kupiga Windows upya, kulitafuta faili hilo mtandaoni na kulibandika kwenye System32, au kulichukua kwa flashi kutoka kompyuta nyingine. Dawa ya kwanza inakula siku nzima. Ya pili inaweza kuleta kirusi. Ya tatu ikifaulu, imefaulu kwa bahati.

Dawa zote tatu zinachukulia kwamba ugonjwa ni faili kupotea. Faili kupotea ni dalili tu, tena dalili nyepesi, kwa sababu angalau inajitangaza. Matatizo mazito ya mafaili ya aina hii hayatoi ujumbe wowote: programu inafunguka, inafanya kazi na kutoa jibu, ila jibu si sahihi. Katika ukanda wenye migodi mikubwa ya Geita na Bulyanhulu, almasi ya Mwadui na maelfu ya maduara, yaani mashimo, ya wachimbaji wadogo, jibu hilo linaweza kuwa mstari wa mpaka kwenye ramani. Kwa hiyo suala linaloonekana la mafundi tu linamgusa pia mwenye leseni.

Karasha moja, viroba vingi

Mwenye karasha kule Rwamgasa au Mwakitolyo hasagi mawe yake peke yake. Wenye maduara wanaleta viroba vyao, wanasagiwa, wanalipa na kuondoka, na hakuna anayelazimika kununua mashine yake. Maktaba ya pamoja katika kompyuta inafanya kazi hivyohivyo. Ni faili lenye kazi ambazo programu nyingi zinazihitaji: kuchora herufi, kufungua picha, kukokotoa namba, kusoma ramani. Badala ya kila programu kubeba nakala yake, zote zinaliita faili moja. Kwenye Windows mafaili hayo huishia na .dll, na kwenye Linux huishia na .so.

Wazo hili lina umri. Mfumo wa Multics ulikuwa nalo tangu miaka ya 1960. Windows ya kwanza, iliyotoka 1985, ilijengwa juu yake kwa sababu ilipaswa kutosha kwenye kompyuta yenye kumbukumbu ya KB 256. SunOS 4.0 ya 1988 ikaliingiza katika familia ya Unix kwa namna ambayo Linux iliirithi baadaye. Faida zake ni tatu na bado zipo: diski haijazwi nakala za kitu kilekile, kumbukumbu inatumika mara moja kwa programu nyingi, na kasoro ikirekebishwa kwenye faili moja programu zote zimepona. Kwa anayenunua intaneti kwa bando, faida hiyo ya tatu si ndogo.

Lakini karasha lina sharti lake, na kila mchimbaji analijua: viroba vya watu wawili visichanganyike. Mashine ni ya wote, mawe ni ya mwenyewe. Sehemu kubwa ya matatizo yanayofuata hapa yanatokana na kulivunja sharti hilo.

Makubaliano, na jinsi yanavyovunjika

Programu inayotumia maktaba ya pamoja haina kazi yenyewe ndani yake. Ina jina la faili na orodha ya majina ya kazi inazozitaka. Inapowashwa, mfumo unalitafuta faili, unalipakia na kuyaunganisha majina hayo na mahali kazi zilipo. Hayo ni makubaliano kati ya watu wawili ambao pengine hawajawahi kukutana, aliyeandika programu na aliyeandika maktaba. Makubaliano hayo huvunjika kwa njia kuu tatu.

Kwanza, faili halipo kabisa. MSVCP140.dll ni sehemu ya kifurushi cha Visual C++ cha Microsoft, na kifurushi kimoja kinahudumia programu zote zilizojengwa kwa matoleo ya 2015 hadi 2022. Kina ukubwa wa MB 25 hivi na hupatikana bure kwa Microsoft wenyewe. Anayekisakinisha anapata mafaili yote yanayotegemeana, kila moja mahali pake. Anayepakua faili moja kutoka tovuti asiyoijua anapata kipande kimoja tu, na hajui nani alikigusa kabla yake.

Pili, faili lipo lakini si la aina inayotakiwa. Windows ya biti 64 huweka maktaba za biti 64 kwenye folda ya System32, na zile za biti 32 kwenye SysWOW64. Majina hayo yanadanganya, na ndiyo sababu mafundi wengi huziweka kinyume. Ukilibandika faili la biti 64 mahali ambapo programu ya biti 32 inalitazamia, unapata kosa 0xc000007b, namba isiyomwambia mtumiaji lolote. Wengine hapo huanza kulaumu diski.

Tatu, faili lipo na aina ni sahihi, lakini toleo halina kazi iliyoombwa. Mfano mzuri ni Python 3.9, iliyotoka 2020 na kuiacha Windows 7 nje. Ukiilazimisha kwenye Windows 7 itadai api-ms-win-core-path-l1-1-0.dll. Mtu anaweza kulipata faili lenye jina hilo mahali fulani na kulibandika, lakini mfumo ulio chini yake unabaki uleule wa 2009. Microsoft iliacha kuihudumia Windows 7 tarehe 14 Januari 2020. Kwenye kompyuta ya aina hiyo kuna njia mbili za uhakika: kutumia toleo la zamani la programu, au kubadilisha mfumo.

Enzi za Windows 95 na 98 mambo yalikuwa mabaya zaidi. Programu mpya iliweza kuifuta maktaba iliyokuwapo na kuweka ya kwake ya zamani, na programu nyingine ikafa bila kuguswa. Windows 2000 ilileta ulinzi wa mafaili ya mfumo, na Windows XP ya 2001 ikaruhusu matoleo kadhaa ya maktaba moja kukaa kando kwa kando. Fujo ilipungua lakini haikuisha, kwa sababu mafundi waliendelea kunakili kwa mkono.

Uzi na hifadhi yake

Njia ya nne ya kuvunja makubaliano haionekani kwenye folda yoyote. Inatokea programu ikiwa tayari inafanya kazi.

Programu ya kisasa hufanya kazi kadhaa kwa wakati mmoja, na kila mkondo wa kazi huitwa uzi. Nyuzi zote za programu moja hutumia kumbukumbu ileile, na hapo ndipo viroba huchanganyika. Chukua jambo dogo kabisa, errno, namba ambayo maktaba ya lugha ya C huiandika kila kazi inaposhindikana. Uzi wa kwanza unajaribu kufungua picha ya setilaiti, faili halipo, namba 2 inaandikwa: halikupatikana. Kabla uzi huo haujaisoma namba yake, uzi wa pili unajaribu kuandika kwenye folda iliyofungwa, na namba 13 inaandikwa juu ya ile 2: hakuna ruhusa. Uzi wa kwanza unasoma 13. Mtumiaji anaambiwa hana ruhusa ya kufungua picha, wakati ukweli ni kwamba picha haipo. Atahangaika na ruhusa za folda mpaka jioni.

Kiwango cha POSIX cha nyuzi, kilichopitishwa 1995, kiliagiza kila uzi uwe na errno yake. Hiyo ndiyo maana ya hifadhi ya uzi: jina ni moja katika programu, lakini kila uzi unapolitaja hufikia nafasi yake peke yake. Vichakataji vya biti 64 vya Intel na AMD hurahisisha jambo hili kwa rejista maalumu, FS kwenye Linux na GS kwenye Windows, inayoelekeza kwenye eneo la uzi unaoendelea wakati huo. Mwaka 2011 lugha za C na C++ zikaliingiza jambo hili katika sarufi zao rasmi.

Tatizo ni pale hifadhi ya uzi inapokutana na maktaba ya pamoja. Programu inapowashwa, mfumo unajua maktaba zilizotajwa tangu mwanzo na unazitengea nafasi katika kila uzi. Je, maktaba iliyopakiwa katikati ya kazi, nyuzi zikiwa tayari zimezaliwa, itapata nafasi wapi? Kabla ya Windows Vista, maktaba iliyotumia njia ya moja kwa moja ya hifadhi ya uzi na kupakiwa baadaye iliweza kuiangusha programu nzima. Waandishi wa programu za Windows XP walilazimika kuomba nafasi moja moja, na mfumo uliahidi angalau 64 kwa kila programu. Kwenye Linux upo ujumbe unaosema nafasi isiyobadilika ya hifadhi za nyuzi imejaa. Wanaotumia Python kwenye kompyuta ndogo za ARM huukuta kwa maktaba ya libgomp, na mara nyingi hupona kwa kuipakia maktaba hiyo mapema kabla ya nyingine. Asiyejua sababu anaona uchawi: kubadilisha mpangilio wa mistari miwili kumeponya programu.

Kuna mitego mingine miwili. Hifadhi ni ya uzi, si ya kazi. Programu nyingi huweka kundi la nyuzi zinazopokezana kazi, kwa hiyo uzi uliomaliza kazi ya mteja wa kwanza huchukua ya mteja wa pili ukiwa bado na mabaki ya mwanzo, kama mwandishi hakuyafuta. Mtego wa pili ni wakati wa kufunga. Maktaba ikiondolewa kabla nyuzi hazijasafisha hifadhi zao, programu inaanguka ikiwa inazimwa. Watumiaji hulipuuza kosa hilo kwa kuwa kazi imekwisha. Wakati mwingine faili lilikuwa halijamaliza kuandikwa.

Ramani, PROJ na mita 300

Mfano unaoukutanisha mjadala wote huu na ukanda wa dhahabu ni QGIS, programu huria ya ramani iliyoanzishwa na Gary Sherman mwaka 2002. Inapendwa na wanafunzi, wapimaji na washauri wa wachimbaji wadogo kwa sababu haina ada. Kwa ndani ni mkusanyiko wa maktaba za wengine: GDAL ya kusoma mafaili ya ramani, GEOS ya kukokotoa maumbo, na PROJ ya kubadilisha mifumo ya koordineti. PROJ ndiyo inayotuhusu zaidi.

Ramani za kitaifa za Tanzania za kipimo cha 1:50,000 zilichorwa kwa mfumo wa Arc 1960. GPS na simu hutumia WGS 84. Geita, Kahama na Shinyanga zote zimo katika kanda ya 36 Kusini ya UTM, kwa hiyo namba za mifumo hiyo miwili hufanana sana kwa macho. Ukiandika mashariki 411000 na kaskazini 9683000, upo jirani na mji wa Geita kwa mfumo wowote kati ya hiyo miwili. Ila ardhini nukta hizo mbili zimeachana kwa takriban mita 300, zaidi katika mwelekeo wa kaskazini na kusini.

Leseni ndogo ya uchimbaji, ile inayoitwa PML, haizidi hekta 10. Eneo la hekta 10 likiwa mraba lina upande wa mita 316 hivi. Maana yake, kuchanganya mifumo hiyo miwili kunaweza kuihamisha leseni karibu yote na kuiweka juu ya jirani. Na tangu 2015 maombi ya leseni za madini yalipoanza kupitia mtandaoni, koordineti zinazoandikwa kwenye kompyuta zimekuwa na uzito wa kisheria.

Sasa angalia maktaba inavyoweza kulisababisha kosa hilo. Tangu 2019 PROJ huweka maelezo ya mifumo yote kwenye faili moja, proj.db, na hulitafuta kwa kusoma anwani iliyohifadhiwa kwenye mipangilio ya Windows. Kifurushi cha Windows cha PostGIS, hifadhidata ya ramani, kinaweza kuiandika anwani hiyo kuelekea kwenye proj.db yake. Ukiwa na PostGIS na QGIS za matoleo tofauti kwenye kompyuta moja, maktaba mpya inaweza kufungua orodha ya zamani. Ukibahatika italalamika. Na pale PROJ inapokosa njia kamili ya kubadilisha, kwa mfano faili la ramani likiwa na mfumo ulioandikwa bila vigezo vya datamu, yaani msingi wa vipimo vyake, hutumia makadirio yanayopuuza tofauti ya datamu. Namba zinatoka, mistari inachorwa, na mita 300 zimepotea. QGIS za karibuni hutoa onyo juu ya ramani, lakini onyo hilo ni mstari mmoja ambao mtu mwenye haraka huufunga bila kuusoma.

Nyuzi nazo zimo humo. QGIS 2.4 ya mwaka 2014 ndiyo iliyoanza kuchora tabaka za ramani kwa nyuzi nyingi: mipaka ya leseni kwa uzi mmoja, picha ya setilaiti kwa mwingine, mashimo ya uchorongaji kwa wa tatu. Kila uzi unahitaji kubadilisha koordineti kwa wakati uleule. PROJ ilikuwa imejiandaa miaka miwili kabla, kwa toleo la 4.8, kwa kuleta kifungu cha taarifa ambacho kila uzi unapaswa kuwa na chake, na maelezo yake yanakataza nyuzi mbili kukitumia kimoja kwa pamoja. Kwa hiyo QGIS hukiweka kifungu hicho kwenye hifadhi ya uzi. Kwenye Linux hutumia njia ya lugha ya C++ yenyewe, na kwenye Windows hutumia ile ya maktaba ya Qt. Uamuzi mmoja wa watu wasioijua Nyarugusu ya Geita ndio unaoruhusu ramani ya Nyarugusu kuchorwa haraka bila tabaka moja kuivuruga nyingine.

Pamoja na hayo, maktaba ina kikomo. Orodha ya EPSG ya mifumo ya koordineti ina njia zaidi ya moja za kutoka Arc 1960 kwenda WGS 84, na baadhi zina usahihi wa makumi ya mita tu. Programu iliyokamilika haiondoi haja ya mpimaji aliyesajiliwa mwenye vifaa vyake.

Kinacholichochea tatizo kwetu

Migodi mikubwa ina mikataba ya programu na watu wa TEHAMA wanaolipwa kuangalia matoleo. Mchimbaji mdogo anategemea laptop ya kijana wake au steshenari ya jirani. Kifurushi cha QGIS cha Windows sasa kinazidi GB 1, kwa hiyo kinasafiri kwa flashi, na mara nyingi husafiri kama folda iliyonakiliwa kutoka kompyuta nyingine badala ya kisakinishi chenyewe. Folda hiyo inabeba programu, ila haibebi maktaba zilizo kwenye System32 wala anwani zilizoandikwa kwenye mipangilio. Ndiyo maana programu inayofanya kazi kwa fundi inakataa kwa mteja.

Kuna pia suala la usalama. Windows huitafuta maktaba kwanza katika folda ya programu yenyewe, kwa hiyo anayeweza kupenyeza faili lenye jina sahihi katika folda hiyo ameingia. Mwaka 2010 Microsoft ilitoa tahadhari rasmi juu ya mashambulizi ya aina hii. Linux nayo haikusalimika: Machi 2024 mwandishi wa programu Andres Freund aligundua kwamba maktaba ya liblzma, matoleo 5.6.0 na 5.6.1, ilikuwa imepandikizwa mlango wa siri. Aliishuku kwa sababu kuingia kwenye seva kulichelewa kwa nusu sekunde hivi. Kama maktaba inayosimamiwa hadharani inaweza kutiwa sumu, faili la DLL lililookotwa kwenye tovuti isiyo na mwenyewe halistahili kuaminiwa hata kidogo.

Dunia imejibu kwa njia mbili. Moja ni kila programu kubeba maktaba zake ndani ya kifurushi kimoja, kama AppImage inavyofanya kwenye Linux. Migongano inapungua, lakini ukubwa unaongezeka na kila kasoro lazima irekebishwe mara nyingi. Nyingine ni msimamizi mmoja kuzitunza maktaba zote, kama Debian inavyofanya, ambako masahihisho ni mamoja lakini programu mpya huchelewa kufika. Kwa eneo la bando ghali na kompyuta za umri tofauti, njia ya kati ndiyo inayofaa: kisakinishi kamili kutoka kwa mwenye programu, kipakuliwe mara moja, kihifadhiwe, na kisambazwe kwa flashi bila kufunguliwa.

Hukumu

Kwa fundi: usitafute faili moja, tafuta kifurushi chake. Hakikisha kama programu ni ya biti 32 au 64 kabla ya kugusa folda yoyote ya mfumo. Programu ikianguka wakati wa kufunga, usiseme ni kawaida.

Kwa vyuo na vikundi vya wachimbaji: fundisheni QGIS pamoja na maswali mawili yanayotangulia kila ramani, mfumo wa koordineti ni upi na njia iliyotumika kuubadilisha ni ipi.

Kwa mwenye leseni: kosa linalokataa kufungua programu litakupotezea siku moja. Linalochora mpaka mahali pasipo pake linaweza kukupotezea duara. Kwa hiyo ramani ya kompyuta isiyotaja mfumo wake wa koordineti, toleo la programu na njia ya ubadilishaji isikubaliwe kuwa ushahidi katika mgogoro wowote wa mpaka, hata ikiwa imechapishwa kwa rangi na kugongwa muhuri.